Namba Mgongoni mwa Pipi

Walimwita Kiguunanjia kabla hajaota meno ya pili, na hakuwahi kulipinga jina hilo, kwa sababu kulipinga kungemtaka akae mahali pamoja mpaka ubishi uishe. Sasa ana miaka hamsini na mmoja, mafundi wenzake wamelifupisha wakabaki na Kiguu tu, na bado hatulii. Chai hunywa amesimama. Simu huzungumza akitembea, akifika ukutani hugeuka. Duka lake ni chumba kimoja chembamba kati ya fundi cherehani na stoo ya muuza magodoro, na saruji ya sakafu imelika mstari mmoja, kutoka meza ya kazi hadi mlangoni.

Ufundi alifundishwa na mjomba wake, ndugu wa tumbo moja na mama yake. Mjomba alikuwa fundi redio wa zamani, wale ambao hawakufungua mfuniko mpaka wameisikiliza redio yenyewe kwanza. Alimfundisha kulehemu, kutumia mita, na kuupiga waya mafundo mawili kabla haujatoka kwenye tundu la sanduku, ili mtu akiuvuta kwa nje using'oke ndani. Kiguu aliyashika yote isipokuwa moja: kungoja. Mjomba akisema "iache ipoe", yeye alikuwa ameshaipuliza.

Waligombana juu ya fyuzi. Miaka tisa imepita. Mteja alileta amplifaya ya kukodisha kwenye sherehe, fyuzi imeungua, na fyuzi za kiasi kile zilikuwa zimekwisha dukani. Mjomba akatoka kwenda kutafuta. Mteja alikuwa na haraka, na haraka ya mtu mwingine humwambukiza Kiguu palepale. Akachukua karatasi ya kung'aa ya paketi ya sigara, akaizungushia fyuzi iliyokufa, akairudisha mahali pake. Amplifaya ikaimba. Mjomba aliporudi aliizima, akaitoa ile karatasi mbele ya mteja, akaiweka kiganjani mwa mpwa wake.

"Nyumba ya mtu ikiungua," alisema, "utampa hii ajifunike?"

Mteja akacheka. Kilichomuuma Kiguu ni kile kicheko, zaidi hata ya maneno. Alikusanya vifaa vyake siku hiyohiyo, na tangu hapo hakukanyaga kwa mjomba. Salamu zilipitia kwa watu, na baadaye hata salamu zikachoka njiani.

Ukishajua hayo, utaelewa kwa nini aliipenda pipi. Pipi ndilo jina ambalo mafundi wa mtaani wameipa fyuzi ya kujirudisha: kidude bapa cha manjano chenye miguu miwili, mtoto akikiona atakitia mdomoni. Ndani yake kuna plastiki iliyochanganywa na unga wa kaboni. Umeme ukiwa wa kiasi, chembe za unga zimeshikana na njia ipo. Umeme ukizidi, pipi hupata moto, plastiki hutanuka, chembe huachana, na umeme hupita kwa kudondoka tu. Hakuna kinachoungua. Uchomoe, ungoje ipoe, chembe hurudiana na kazi huendelea. Hakuna fyuzi ya kwenda kutafuta, hakuna wa kuchana paketi ya sigara. Siku alipoigundua, Kiguu alitembea dukani huku na huku akicheka peke yake, mpaka fundi cherehani akaja kuchungulia kama kuna heri au kuna shari.

Akaanza kutengeneza masanduku ya kitandani. Ni kazi aliyoibuni mwenyewe, kwa ajili ya watu wasioweza kuinuka: betri, taa, feni ndogo, na kengele ambayo kitufe chake hufungwa pembeni mwa kitanda, karibu na mkono. Ndani alitumia nyaya nyembamba, za kubeba ampea mbili na chenji kidogo. Kwa hiyo alitaka umeme ukatwe ukifika mbili, na kwa hiyo alichagua pipi iliyopigwa chapa mbili mgongoni. Mafundi wote wa mtaani huisoma namba ya fyuzi hivyo: namba ndiyo mwisho wake, hapo ndipo inapokata. Hakuna aliyewahi kuuliza.

Alitengeneza saba. Sita aliwapa wateja. La saba alilipeleka kwa mjomba.

Mjomba kiharusi kilikuwa kimemlaza, mkono wa kushoto na mguu wa kushoto havimsikii tena. Kiguu alimpa sanduku wifi yake, mke wa mtoto wa mjomba, ambaye ndiye anayemtunza mzee.

"Mwambie umenunua dukani," alimwambia. "Jina langu lisitajwe."

"Nyie na ukoo wenu!" wifi alisema, akalibeba. Baada ya wiki mbili walikutana njiani, akamletea habari. "Mzee analisifia hilo sanduku mpaka tunachoka kumsikiliza. Feni eti inapepea vizuri, kengele eti inasikika mpaka barabarani."

Kiguu aliondoka pale akitembea kwa madaha, na miezi mitatu akaiishi kwa furaha ya wizi, ya mtu aliyeshinda ubishi bila mwenzake kujua kuwa kuna ubishi.

Jumatano moja asubuhi alikuja mwalimu wa chuo cha ufundi. Huyu ni mtu mrefu, mpole, ambaye huvua miwani kabla ya kusema jambo na kuivaa akimaliza. Chuo kilitaka kijitabu cha maneno ya umeme kwa Kiswahili chepesi, na mwalimu alikuwa akizunguka kwa mafundi kuuliza wao husemaje. Siku hiyo ilikuwa zamu ya fyuzi za kujirudisha. Alikaa kwenye kigoda. Kiguu alisimama, kisha akatembea, kisha akasimama.

"Mkondo wa kushikilia," mwalimu alisoma daftarini. "Ni umeme ambao pipi inaupitisha siku zote bila kukata. Mkondo wa kukata: ni umeme ambao ukifika hapo, pipi lazima ikate. Na muda wa kukata, yaani inachukua sekunde ngapi. Sasa nataka wanafunzi wajue, ile namba ya mgongoni ni ipi kati ya hizo?"

"Ya kukata," Kiguu alisema akiwa mlangoni. "Hata mtoto anajua."

Mwalimu akavua miwani. "Ya kushikilia, mama. Ya kukata haiandikwi. Ni kama mara mbili yake."

"Mara mbili wapi! Fyuzi ya mbili inakata mbili, mwalimu wangu, tangu umeme uumbwe."

"Hata zile fyuzi za kawaida za kioo si hivyo hasa, ila kwao pengo ni dogo, ndiyo maana mitaani hamkugundua. Kwenye hizi pengo ni kubwa."

Kiguu hakubishana zaidi. Alivuta mashine ya majaribio, akafunga pipi ya mbili, akaupandisha umeme. Mbili: pipi imetulia. Mbili na nusu: imetulia. Akangoja dakika nzima, jambo ambalo kwake ni karibu na maradhi. Akapandisha hadi tatu. Akaugusa waya mwembamba, uleule anaoutumia ndani ya masanduku, akautoa mkono haraka. Pipi ilikuwa imetulia kimya, inapitisha umeme kwa roho safi. Ilipofika karibu na nne ndipo ilipokata, na wakati huo ganda la waya lilikuwa limeanza kung'aa na kulainika.

Akauzima umeme. Kichwani akaona feni ndogo iliyokwama kwa pazia au kwa shuka. Feni ikikwama huvuta umeme mpaka tatu. Pipi itashikilia, waya utawaka, na pembeni yake amelala mtu asiyeweza kuinuka. Watu saba.

"Mwalimu, inuka," alisema. "Nafunga duka."

"Kijitabu je?"

"Andika hivyo ulivyosema. Uandike kwa herufi kubwa."

Akatia mfukoni pipi za namba moja, zinazoshikilia moja na kukata mbili, zinazotosha kabisa kwa feni na taa yake. Akachukua chuma cha kulehemu, bisibisi na mita. Akampigia wifi. Simu ikaita mpaka ikakata. Wifi hufanya kazi ya kufua mashuka hospitalini, na simu huifungia kabatini mpaka zamu iishe. Kutwa nzima mzee hubaki peke yake, mlango umerudishiwa tu.

Hapo mtu mwingine angekwenda kwa mjomba moja kwa moja. Mjomba ndiye aliyekuwa mbali na msaada kuliko wote, na Kiguu alilijua hilo. Lakini miguu yake, ambayo tangu utotoni haikuhitaji kusukumwa, ilishika njia ya upande mwingine. Alijidanganya kwamba sita ni wengi kuliko mmoja.

Alianza kwa mkunga mstaafu, ambaye nyonga zake zimegoma. "Nimekuja kuliboresha sanduku lako, mama," alimwambia. Neno hilo lilimtoka lenyewe, likamfurahisha, na akalitumia nyumba zote. Kuliboresha! Mkunga alimbariki. Zahanati walikokuwa na masanduku mawili walimshukuru kwa kujali wateja. Alitoa pipi, akatia pipi, akakaza skrubu, akatoka huku uzi wa jasho ukimshuka mgongoni. Kila aliposhukuriwa alijichukia, na bado hakusema.

Sanduku la tano lilikuwa la kinyozi aliyevunjika miguu yote miwili. Alipofungua sanduku lake, waya ulikuwa umegeuka kahawia, umejikunja, ganda limeshikana na mbao.

"Juzi feni ilikula ncha ya shuka," kinyozi alisema. "Ikanukanuka kidogo. Mke wangu akaivuta shuka. Ni kawaida, siyo?"

"Si kawaida," Kiguu alisema. Lehemu ikamdondoka pasipotakiwa. Akabadilisha waya wote, akabadilisha pipi, na kinyozi akamuuliza mara mbili kama anaumwa.

La sita hakumbuki alilifanyaje. Alipotoka ilikuwa saa tisa na nusu, jua kali, na yeye alikuwa akikimbia. Mwanamke wa makamo, mkoba begani, ndala mkononi kwa sababu moja imekatika mkanda. Watu walimpisha. Roho ilikuwa juu, na kichwani alikuwa na picha moja tu, ya mkono wa kushoto usiosikia ukiwa umelala juu ya shuka karibu na sanduku. Nimemwacha wa mwisho, alikuwa akijiambia kila hatua. Kwa aibu ya karatasi ya sigara nimemwacha wa mwisho.

Alipofika kwenye lango alisikia mlio, ngo ngo ngo, wa chuma kwa chuma. Akasukuma mlango.

Mjomba alikuwa kitandani, mkono wa kulia umeshika kijiko, anagonga kikombe cha bati kilichokuwa kifuani pake. Amekonda. Fulana imemlowa, imemganda mbavuni. Chumba kilikuwa na joto la kumfukuza mtu, na sanduku lilikuwa juu ya stuli pembeni, feni yake imesimama kimya.

"Shikamoo mjomba."

Kijiko kikasimama. Mzee alimtazama. "Marahaba," alisema, maneno yakitoka kwa upande mmoja wa mdomo. "Maji. Nagonga tangu saa sita."

Alimpa maji, akamshikia kikombe, akamnywesha, akampa tena. Kisha akaliangalia sanduku. Waya wa betri ulikuwa umechomolewa, ncha yake imezungushwa kwenye mguu wa stuli kwa mkono mmoja, vibaya vibaya, ili usirudi mahali pake kwa bahati mbaya.

"Nani ameuchomoa?"

"Mimi. Siku ileile lilipoletwa. Feni ilishika pazia, nikasikia harufu ya waya." Akapumzika. "Fyuzi yako haikukata."

"Fyuzi yangu?"

"We mtoto. Ni nani mwingine mjini hapa anayepiga waya mafundo mawili?"

Kiguu alikaa kwenye ukingo wa kitanda bila kujua kuwa amekaa. Alihesabu. Miezi mitatu, na miezi hiyo mitatu ndiyo ya joto kuliko yote. Bila feni, bila taa, kitufe cha kengele kimefungwa karibu na mkono wake na hakiiti mtu. Kijiko na kikombe.

"Lakini wifi aliniambia unalisifia."

"Nalisifia, ndiyo."

"Ulimwambia kengele inasikika mpaka barabarani!"

"Kutwa hayupo, atajuaje? Akirudi namwambia nimeizima kutunza betri. Ningemwambia bovu, angelirudisha dukani. Duka gani?" Jicho lake zima likamtazama. "Angeuliza, angeambiwa ni kazi yako. Ukoo wote ungejua. Nilishakufanya uchekwe na mteja mara moja, ikatosha. Nikasema atakuja mwenyewe. Mtu asiyetulia kama wewe hawezi kukaa na kosa."

Kiguu alilia. Hakulia kwa kujificha. Alilia kwa sauti, kama watu wanavyolia msibani, huku ameushika ule mkono usiosikia, akisema samahani mjomba, samahani, nilisoma namba vibaya, namba ni ya kushikilia, si ya kukata, nami nikakuweka wa mwisho. Mzee alimwacha mpaka alipoanza kujirudia.

"Basi. Umekuja kulia au umekuja na chuma?"

Chuma kilikuwepo. Akafungua sanduku, akaitoa pipi ya mbili, akatia ya moja. Alipotaka kufunga mfuniko mjomba akanyanyua kijiko.

"Ipige shoti kwanza."

Akaurudisha waya wa betri, feni ikazunguka, kisha akagusanisha nyaya mbili kwa bisibisi. Feni ikafa. Akaigusa pipi kwa ncha ya kidole: ya moto. Akaushika waya: baridi kabisa. Imekata.

"Sasa chomoa, uiache ipoe."

Kiguu alichomoa. Akainamisha uso, midomo ikaanza kujikusanya.

"Usiipulize!"

Akacheka, na machozi yalikuwa bado kidevuni. Wakangoja. Nje mtu alipita akiburuta dumu la plastiki. Kiguu alihesabu vigae vya paa, akavimaliza, akarudi mwanzo. Aliporudisha waya, feni ilikohoa mara moja, ikashika kasi, na upepo ukainua ukosi wa fulana ya mzee. Mjomba akafumba macho. Akabaki hivyo kitambo, na Kiguu aliona jasho la shingoni likianza kukauka.

"Wengine ni wangapi?" mzee aliuliza bila kufumbua.

"Sita. Nimeshawabadilishia wote."

"Umewaambia nini?"

Mguu ukaanza kucheza. "Nimewaambia nimekuja kuboresha."

"Kuboresha." Mjomba alilitamka polepole, silabi kwa silabi, na Kiguu akatamani sakafu imfunike. "Rudi ukawaambie. Waambie lilikuwa kosa, na uliwalaza karibu na moto. Wakikutukana, ukae utukanwe."

"Nitaenda kesho asub..."

"Leo. Jua bado lipo."

Akainuka. Akamwekea maji karibu, akamfungia kitufe upya upande wa mkono wa kulia, akafunga vifaa. Moyoni alikuwa mwepesi na mwoga kwa pamoja. Alikuwa ameshafika langoni aliposikia kengele, kali, inasikika mpaka barabarani kweli. Akarudi mbio, ndala mkononi.

"Kuna nini mjomba?"

"Najaribu tu."

Akamuaga tena. Safari hii alifika hadi nyumba ya jirani. Kengele ikalia. Akageuka, akakimbia, akaingia akihema.

"Betri yenyewe ina nguvu?" mzee aliuliza. "Haitaishia njiani?"

"Ina nguvu, mjomba. Wiki nzima."

"Haya. Nenda."

Akaenda. Hakutembea kwa haraka yake ya kawaida, na alipofika langoni alisimama, mkono kwenye komeo, akisikiliza. Kengele ikalia mara ya tatu, fupi, kama kidole kilichosita.

Alirudi polepole. Mjomba alikuwa ameelekeza uso ukutani. Hakusema kwamba anajaribu, wala hakuuliza habari ya betri. Kitufe kilikuwa bado kimefumbatwa kiganjani mwake.

"Wale sita," Kiguu alisema.

"Wale sita wana watu wa kuwaita." Sauti ilikuwa ndogo. "Kaa kidogo. Halafu uende."

Akavuta stuli nyingine, akakaa. Baada ya muda mguu wake wa kulia ukaanza kucheza, stuli ikagongagonga sakafuni, na mjomba, ambaye zamani angeupiga kwa bisibisi, akauacha ucheze.